Ukijiajiri, Uwe Mwajiri Mwema: Somo kwa Wanaofanya Kazi za Kujitegemea

Vijana wengi wanaofika katika ofisi yetu ya habari huja na swali moja: "Mtaandika watu lini?" Ukiketi nao kidogo na kuwauliza wanachofanya kwa sasa, utasikia mengi. Mmoja hupiga video za harusi kutoka Mtwapa hadi Malindi. Mwingine hutafsiri hati za mashirika kutoka Kiingereza hadi Kiswahili. Wa tatu huandikia wafanyabiashara matangazo ya Facebook, na wa nne hukesha akinakili sauti za mikutano inayofanyika Marekani. Lakini wote hujibu kwa maneno yaleyale: "Sina kazi, nahangaika tu."

Makala haya yanamlenga huyo anayesema hana kazi ilhali anafanya kazi kila siku. Kazi ambayo mwenyewe haihesabu kuwa kazi haina bei, haina daftari, haina likizo wala akiba. Baada ya kuyasoma, msomaji anatarajiwa aweze kufanya mambo manne: kueleza tofauti ya kisheria kati ya mwajiriwa na anayejitegemea, kukokotoa bei yake ya siku, kuandika makubaliano yanayoweza kumlinda, na kujua wajibu wake kuhusu ushuru, afya na uzee.

1. Kazi hii si ngeni

Wengi hudhani kazi ya kujitegemea ililetwa na intaneti. Sivyo. Lugha yetu yenyewe inatukumbusha. Neno kibarua limetokana na barua. Kilikuwa kikaratasi alichopewa mfanyakazi wa siku, akakirudisha alipokwenda kuchukua ujira wake. Kesho yake alianza upya. Fundi cherehani, seremala, msusi na mpambaji wa maharusi wote huishi kwa kazi moja baada ya nyingine.

Mvuvi wa Ngomeni au Mayungu pia hana mshahara. Chombo kikirudi na samaki, mabaharia na mwenye chombo hugawana. Kisipopata kitu, hakuna cha kugawana. Ndiyo maana wazee wa bahari hawakula mapato yote ya kaskazi. Walijua kusi inakuja, bahari ichafuke na vyombo vilale ufuoni. Shika picha hiyo, kwa sababu kila kazi ya kujitegemea, hata ya kompyuta, ina kusi yake.

Nchini Kenya hali hii si ya wachache. Takwimu za serikali zimeonyesha kwa miaka mingi kwamba zaidi ya asilimia 80 ya ajira zilizo nje ya kilimo cha mashamba madogo ziko katika sekta isiyo rasmi. Mwenye barua ya kuajiriwa, payslip na likizo ya kulipwa ndiye aliye wachache.

2. Kilichobadilika ni nini?

Mambo matatu yamepanua kazi hizi katika muda wa miaka 20 hivi.

La kwanza ni malipo. M-Pesa ilipoanza mwaka wa 2007, mteja aliye Nairobi aliweza kumlipa mtu aliye Kaloleni bila yeyote kupanda matatu. Mwaka wa 2018 iliwezekana pia kuhamisha pesa kati ya PayPal na M-Pesa, na mteja wa ng'ambo akasogea karibu.

La pili ni mtandao wenyewe. Mwaka wa 2009 nyaya za chini ya bahari za SEACOM na TEAMS zilifika Mombasa. Kabla ya hapo tulitegemea setilaiti, na gharama yake ilikuwa ya kampuni kubwa, si ya kijana aliye chumbani kwake. Baadaye serikali ya kitaifa ilianzisha mpango wa Ajira Digital, ambao hutoa mafunzo ya kazi za mtandaoni bila malipo.

La tatu ni msukosuko. Kisa cha kwanza cha Covid-19 nchini kilitangazwa Machi 2020. Hapa Pwani hoteli zilifunga milango na wafanyakazi wakarudishwa nyumbani, wengine hawakuitwa tena. Mpishi akaanza kuuza keki kwa oda, na karani wa mapokezi akatafuta kazi za kuandika data. Walioanza kwa kusukumwa na shida hawakupata nafasi ya kujifunza kanuni za kazi hii. Waliingia majini kwanza, wakajifunza kuogelea baadaye.

3. Mwajiriwa na anayejitegemea

Sheria ya Ajira ya 2007 humlinda mtu aliye na mkataba wa kuajiriwa. Humpa likizo isiyopungua siku 21 za kazi kila mwaka kwa malipo kamili. Mama humpa miezi mitatu ya likizo ya uzazi. Aliyefanya kazi kwa miezi miwili mfululizo ana haki ya siku za ugonjwa zenye malipo. Mwajiri hawezi kumfuta bila sababu na utaratibu.

Anayejitegemea ana mkataba wa aina nyingine: wa kutoa huduma. Hauzi muda wake, anauza kazi iliyokamilika. Kwa hivyo yeye ni biashara, hata kama biashara hiyo ni mtu mmoja na simu moja. Hana likizo isipokuwa aliyojipa. Hana siku ya ugonjwa isipokuwa aliyoilipia mwenyewe mapema. Kwa upande mwingine, hachagui mteja mmoja tu, haombi ruhusa kwenda mazishini, na akiongeza ujuzi anaweza kuongeza bei bila kusubiri bodi ikutane.

Nayasema haya nikiwa nimeyaonja. Kabla ya kuandikwa na kaunti nilikuwa mwandishi wa kujitegemea wa gazeti moja. Tulilipwa kwa habari iliyochapishwa, si iliyoandikwa. Siku moja nilikwenda upande wa Ganze kuandika kuhusu ukame. Nauli ya matatu na bodaboda, chakula na vocha vilifika Sh1,150. Habari ilikatwa ikabaki aya nne, na mwezi uliofuata nikalipwa Sh700. Nilifurahi kuona jina langu gazetini, nikaionyesha familia. Sikutambua kwamba nilikuwa nimelipa Sh450 ili nifanye kazi.

Mwaka huohuo nilianguka kutoka kwenye bodaboda nikavunjika kifundo cha mguu. Wiki tano sikuandika neno, na wiki tano sikupata senti. Mama yangu, aliyekuwa amefundisha shule ya msingi maisha yake yote, aliniuliza, "Mwanangu, hao wa gazeti hawajui kwamba umeumia?" Walijua. Walinitakia nafuu. Lakini hawakuwa waajiri wangu. Mwajiri wangu nilikuwa mimi, nami nilikuwa mwajiri mbaya: sikujikatia bima, sikujiwekea akiba, na nilijituma kazi za hasara.

Hili ndilo fundisho kuu la makala haya. Anayejitegemea ni watu wawili katika mwili mmoja: mfanyakazi na mwajiri wake. Mwajiri akiwa mzembe, mfanyakazi hunyonyeka, na hakuna chama cha wafanyakazi kitakachokuja kugoma kwa niaba yake.

4. Hesabu ya bei ya siku

Kosa la kawaida ni hili. Mtu hujiambia, "Ningeandikwa ningelipwa Sh40,000 kwa mwezi. Mwezi una siku 26 za kazi. Basi siku yangu ni Sh1,540." Tuone hesabu hiyo inampeleka wapi.

Tuchukue mfano wa kubuni wa mtafsiri anayefanyia kazi nyumbani mjini Kilifi. Anataka abaki na Sh40,000 kila mwezi za kodi ya nyumba, chakula na karo. Kwa mwaka mzima atahitaji yafuatayo:

- Pesa za matumizi ya nyumbani: Sh480,000.
- Gharama za kazi, yaani intaneti, umeme, simu, programu na matengenezo, pamoja na thuluthi ya bei ya kipakatalishi cha Sh60,000 kinachotarajiwa kudumu miaka 3: Sh90,000.
- Mchango wa afya kwa SHA: Sh18,000.
- Akiba ya uzeeni, Sh3,000 kila mwezi: Sh36,000.
- Akiba ya dharura, inayotosha mwezi mmoja bila kazi: Sh40,000.
- Ushuru wa mapato: Sh92,000.

Jumla ni Sh756,000, sawa na Sh63,000 kila mwezi. Mstari wa ushuru umekadiriwa kwa viwango vya mtu binafsi: asilimia 10 kwa Sh24,000 za kwanza za mwezi, asilimia 25 kwa Sh8,333 zinazofuata na asilimia 30 kwa zinazozidi hapo, kisha nafuu ya Sh2,400 hupunguzwa. Gharama za kazi na michango ya afya na uzeeni zimeondolewa kwanza. Viwango hubadilika, kwa hivyo hakikisha vya mwaka wako kabla ya kuwasilisha taarifa.

Sasa tuhesabu siku. Ukiondoa wikendi, mwaka una siku 261. Toa 21 za likizo, kwa kuwa hata mwajiri mkali hutoa hizo. Toa 12 za sikukuu. Toa 8 za ugonjwa, misiba na siku za kukatika umeme. Zinabaki 220. Lakini si zote zina malipo. Kuna siku za kutafuta wateja, kuandika makadirio ya bei, kufuatilia madeni, kurekebisha kazi na kujifunza. Mtafsiri huyu akifaulu kulipwa kwa asilimia 60 ya siku hizo, ana siku 132 za malipo kwa mwaka, yaani 11 kwa mwezi.

Gawanya Sh756,000 kwa siku 132. Jibu ni karibu Sh5,730 kwa siku. Akiwa anatafsiri maneno 2,000 kwa siku na kuyasahihisha vizuri, bei yake ni karibu Sh2.90 kwa neno. Akipata kazi kupitia jukwaa la mtandaoni, lazima akumbuke pia ada ya jukwaa. Yako yanayokata hadi asilimia 20 ya malipo.

Sasa rudi kwa yule aliyejipangia Sh1,540. Kwa siku 132 atapata Sh203,280 kwa mwaka. Toa gharama za kazi za Sh90,000. Atabaki na Sh113,280, ambazo ni chini ya Sh9,500 kwa mwezi, kabla ya kufikiria hospitali wala uzee. Aliyedhani anajilipa Sh40,000 anajilipa chini ya robo yake. Naye hushangaa kwa nini anakesha kila siku na kodi ya nyumba bado inamshinda.

Msomaji anaweza kusema, "Lakini hapa kwetu hakuna atakayenilipa Sh5,730 kwa siku." Huenda ni kweli, hasa mwanzoni. Hesabu haiwezi kumlazimisha mteja. Inachofanya ni kukuonyesha unachokikata unapokubali bei ya chini. Kwa maana kitu lazima kikatwe. Intaneti hutaikata, kwa sababu bila hiyo hakuna kazi. Chakula hutakikata. Mara nyingi mistari inayofutwa kimyakimya ni afya, uzee na dharura. Bei ya chini hulipwa siku moja, na siku hiyo kwa kawaida ni ya kulazwa hospitalini.

Njia za kupunguza pengo zipo. Tafuta wateja wa kudumu, maana mteja anayerudi hupunguza siku za kutafuta. Ukipanda kutoka siku 132 hadi 165 zenye malipo, hesabu ileile inashuka hadi karibu Sh4,580 kwa siku. Kodini ofisi na intaneti watu watatu badala ya kila mtu peke yake. Na usione aibu kuwa na chanzo cha pili. Mwenye minazi, kuku au duka dogo anaweza kukataa kazi mbaya, na uwezo wa kukataa ndio unaokupa nguvu ya kujadiliana.

5. Makubaliano kabla ya kazi

Migogoro mingi tunayosikia haitokani na wizi. Hutokana na watu wawili kuelewa mambo mawili. Mteja alidhani nembo atarekebishiwa hadi aridhike, na mchoraji alidhani atairekebisha mara mbili. Si lazima mkataba uandikwe na wakili. Ukurasa mmoja watosha, ama hata ujumbe ambao mteja ameujibu kwa kukubali. Ujumbe wa WhatsApp na baruapepe unaweza kuwasilishwa kama ushahidi, kwa hivyo usiufute. Makubaliano yataje mambo haya:

- Kazi yenyewe, kwa kipimo: maneno mangapi, picha ngapi, dakika ngapi za video.
- Tarehe ya kukabidhi, na kile ambacho mteja lazima alete kwanza.
- Idadi ya marekebisho yaliyo ndani ya bei, na bei ya yanayozidi.
- Jumla ya malipo, tarehe na njia ya kulipa.
- Arubuni, na itakavyokuwa kazi ikisitishwa katikati.
- Mwenye haki ya kuitumia kazi baada ya kukabidhiwa.

Arubuni ni malipo ya kwanza ya kufunga mapatano. Mafundi wetu wameijua tangu zamani, na seremala hakati ubao wa kitanda chako kabla hujaweka kitu mezani. Ajabu ni kwamba mwenye kamera ya Sh150,000 huogopa kuomba kile ambacho seremala huomba bila kupepesa. Theluthi moja au nusu ni ombi la kawaida. Mteja anayekataa kabisa kutanguliza chochote amekwisha kukueleza atakavyokuwa siku ya kumaliza malipo.

Kifungu cha mwisho katika orodha kinahitaji uangalifu. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya inasema kwamba kazi ikiagizwa na mteja, hakimiliki huchukuliwa kuwa imehamia kwake, isipokuwa mmeafikiana vingine. Wapiga picha na wachoraji wengi hudhani kinyume chake. Ukitaka kubaki na haki ya kuziuza tena picha zako, au kuzionyesha kama mfano wa kazi yako, andika hivyo kabla ya kuanza.

Mteja aliye nchini akikataa kulipa, iko Mahakama ya Madai Madogo. Iliundwa na sheria ya 2016, na sasa husikiliza madai yasiyozidi Sh1 milioni, yakiwemo ya huduma zilizotolewa. Unaweza kujiwakilisha bila wakili, na sheria inataka kesi iamuliwe ndani ya siku 60 tangu ilipowasilishwa. Uliza karani wa mahakama iliyo karibu nawe ni kituo gani kinachohudumia eneo lako. Kwa mteja wa ng'ambo mahakama hiyo haitakufaa sana. Kinga yako ni jukwaa linaloshikilia pesa za mteja kabla kazi haijaanza, au kukabidhi na kulipwa kwa awamu.

Neno kuhusu kazi za serikali, maana tukisema ya wengine tuseme na yetu. Sheria za ununuzi zimetenga asilimia 30 ya zabuni za umma kwa vijana, wanawake na watu wanaoishi na ulemavu kupitia mpango wa AGPO. Jisajili. Hata hivyo, madeni ya wanaotoa huduma kwa serikali ni kilio kinachojulikana katika kaunti nyingi. Usifanye kazi ya ofisi yoyote ya umma kwa agizo la mdomo, hata kama aliyekuagiza ni mkubwa na ni jirani yako. Dai LSO iliyotiwa sahihi. Bila hati hiyo hata afisa mwema atakosa pa kuanzia kukulipa. Na usitegemee malipo hayo kwa karo ya muhula huu.

6. Ushuru, afya na uzee

Ushuru. Kila mwenye PIN ya KRA huwasilisha taarifa ya mapato ya mwaka kabla ya Juni 30 ya mwaka unaofuata, hata kama hakupata kitu. Mtu binafsi akichelewa, faini ni Sh2,000 au asilimia 5 ya ushuru anaodaiwa, kubwa kati ya hizo mbili. Mapato ya ng'ambo unayoyapata ukiwa umeketi Kenya ni mapato pia.

Kampuni ya Kenya ikikulipa ada ya kitaaluma ya Sh24,000 au zaidi kwa mwezi, hukata asilimia 5 na kuipeleka KRA kwa jina lako. Wengi huiona kama pesa iliyopotea. Haijapotea. Dai cheti chake, uitoe katika ushuru wako mwisho wa mwaka. Tangu Sheria ya Fedha ya 2023, asilimia 5 hukatwa pia katika malipo ya wanaotengeneza maudhui ya mtandaoni. Kampuni nyingi siku hizi hudai ankara ya eTIMS kabla ya kulipa, basi jisajili mapema usije ukakosa kazi kwa sababu ya karatasi.

Afya. Bima ya afya ya jamii, iliyoanza Oktoba 2024 chini ya SHA, humtaka asiye na mshahara achangie asilimia 2.75 ya mapato ya familia yanavyokadiriwa, bila kupungua Sh300 kwa mwezi. Tofauti kubwa ni kwamba mwajiriwa hukatwa kila mwezi bila kufikiri, ilhali wewe unatakiwa kulipa mchango wa mwaka mzima kwa pamoja. Asiyetenga kidogo kidogo ataona mlima. Tenga sehemu yake kila unapolipwa.

Uzee. NSSF hupokea wanaojitegemea, na kupitia mpango wake wa Haba Haba mtu anaweza kuanza kwa Sh25 kwa siku. Jua kali nao wana mpango wa Mbao, uliopewa jina hilo kwa kuwa ulianza na Sh20 kwa siku. Viwango hivi ni vya kuanzia, havitoshi peke yake kumtunza mzee. Lakini aliyeanza na Sh25 akiwa na miaka 24 amekwisha kujifunza tabia ambayo wengi huitafuta wakiwa na miaka 50.

Fungua akaunti mbili au laini mbili. Malipo yote yaingie ya kwanza. Toa hapo sehemu ya ushuru, afya na akiba. Kisha jilipe "mshahara" uleule kila mwezi katika ya pili. Mwezi mnono usijipandishe cheo. Ile ni kaskazi.

7. Mitego ya mtandaoni

Mwajiri wa kweli hakuombi pesa ili akupe kazi. Anayedai ada ya usajili, ya "kufungua akaunti" au ya mafunzo ya lazima, mwache. Akaunti ya kukodi, iliyofunguliwa kwa jina la mtu mwingine, ni hatari vilevile. Ikifungwa, jasho lako limekwenda nayo na huna pa kulalamika.

Wapo wanaowaandikia wanafunzi wa ng'ambo kazi zao za chuo. Kazi hiyo iliwalipia wengi karo, na hatutawahukumu hapa. Lakini Australia iliharamisha biashara hiyo mwaka wa 2020 na England mwaka wa 2022. Pia tangu ChatGPT itolewe Novemba 2022, mwanafunzi ana njia nyingine ya kudanganya. Biashara inayosimama juu ya udanganyifu huangushwa na udanganyifu ulio rahisi zaidi.

Programu hizo zimegusa kazi halali pia. Mtafsiri sasa huletewa maandishi yaliyotafsiriwa na mashine ayasahihishe kwa bei ndogo. Kabla ya kukubali, jaribu ukurasa mmoja na saa mkononi. Ikiwa kusahihisha kunakuchukua muda sawa na kutafsiri, bei iwe sawa. Kinachobaki na thamani ni kile mashine haikijui: mteja anayekuamini, na Kiswahili ambacho bibi wa Kaloleni atakielewa akisomewa tangazo la chanjo.

Mwisho ni saa. New York iko nyuma yetu kwa saa saba au nane, kulingana na majira. Siku yao ya ofisi huanza kwetu jioni na kuisha saa sita usiku au saa saba. Ukichukua kazi hiyo, lala mchana kama mlinzi wa usiku alalavyo, na uieleze familia. Mtu wa nyumbani wakati wote hudhaniwa hana shughuli, akatumwa sokoni, hospitalini na shuleni, kisha usiku akaanza siku ya pili.

Zoezi

Fanya peke yako, kisha jadilini katika kikundi au chama chenu:

1. Andika kazi tatu za mwisho ulizolipwa. Kwa kila moja, toa gharama zote na ugawe kwa siku ulizotumia, pamoja na siku za kufuatilia malipo. Ni ipi iliyokulipa, na ni ipi uliyoilipia wewe?
2. Kokotoa bei yako ya siku kwa kufuata mistari sita ya sehemu ya 4. Ikiwa huwezi kuitoza bei hiyo leo, taja mstari utakaokatwa na nani ataumia ukikatwa.
3. Andika makubaliano ya ukurasa mmoja kwa ajili ya mteja wako ajaye, ukitaja arubuni.
4. Kusi ya kazi yako ni miezi gani? Una akiba ya kuivuka?

Na ukija tena ofisini kuuliza tutaandika watu lini, karibu, tutakuelekeza kwa Bodi ya Utumishi wa Umma ya Kaunti, ambayo hutangaza nafasi zinapopatikana. Lakini tukikuuliza unafanya nini kwa sasa, usituambie unahangaika. Tuambie kazi yako na bei yake.